Sauti Moja, Koo Mbili

Kuna neno la herufi sita, farmor, ambalo mwanasheria wa mafuta mjini Stavanger anaweza kulitumia asubuhi na jioni bila kuhisi kwamba amelirudia. Asubuhi, ofisini, analiandika kwenye mkataba wa Kiingereza akimaanisha kampuni yenye haki ya kutafuta mafuta, ambayo inamwachia mwenzake sehemu ya haki hiyo ili naye abebe gharama za uchimbaji. Jioni anampigia simu bibi yake mzaa baba, naye anamwita farmor, kwa kuwa katika Kinorwe, Kiswidi na Kidenishi hilo ndilo jina lake: far ni baba, mor ni mama, farmor ni mama wa baba. Herufi ni zilezile, kwa mpangilio uleule. Je, ametumia neno moja au mawili?

Swali hili ni kubwa kuliko linavyoonekana. Anayelijibu analazimika kusema neno ni kitu gani hasa, na ni kitu gani kinachofanya viwili viwe ndugu.

Nianze na farmor wa mafuta, kwa kuwa yeye ndiye asiyefahamika kwa wengi. Leseni ya kutafuta mafuta ina muda wake. Kampuni inayopewa kitalu huahidi kufanya kazi fulani ndani ya miaka kadhaa: kupima miamba kwa mawimbi ya sauti, kisha kuchoronga kisima kimoja au zaidi. Muda ukipita na kazi haijafanyika, haki inaweza kurudi kwa aliyeitoa. Kisima kimoja kwenye bahari ya kina kirefu hugharimu makumi ya mamilioni ya dola, na vingi hutoka vikavu. Kwa hiyo mwenye kitalu hujikuta ana haki asiyoweza kuitumia peke yake, au asiyotaka kuitumia peke yake hata kama fedha anazo. Anatafuta mwenzake. Yule mwenzake anachoronga, au analipia uchorongaji, na kwa kazi hiyo anajipatia sehemu ya kitalu. Anayeachia ndiye farmor, na anayeichumia ndiye farmee. Nchini Marekani, ambako mafuta mara nyingi ni mali ya mwenye ardhi iliyo juu yake, farmor huweza kuachia karibu kila kitu na kujibakizia mrabaha mdogo tu juu ya kile kitakachotoka.

Mambo haya yako jirani nasi. Mwaka 2007 kampuni ya Statoil ya Norwe, ambayo tangu 2018 inaitwa Equinor, ilitia saini mkataba wa Kitalu Namba 2 katika bahari ya kusini mwa Tanzania. Mwaka 2010 iliiachia ExxonMobil ya Marekani asilimia 35, yenyewe ikabaki na 65 pamoja na uendeshaji. Mwezi Februari 2012 ikatangazwa kwamba gesi imepatikana katika kisima cha Zafarani, chini ya maji yenye kina cha zaidi ya mita 2,000. Kwa lugha ya mikataba, farmor wa Kitalu Namba 2 alikuwa Mnorwe. Kenya nako, Africa Oil, kampuni ya Vancouver iliyotoka katika kundi la familia ya Lundin yenye asili ya Uswidi, iliiachia kampuni ya Tullow nusu ya vitalu vyake kadhaa mwaka 2010, na miaka miwili baadaye mafuta yakaonekana Turkana katika kisima cha Ngamia-1. Mwaka 2015 Africa Oil ikakubali kuiachia Maersk Oil ya Denmark nusu ya kile kilichobaki mkononi mwake. Jamii zilezile zinazomwita bibi farmor zimekuwa farmor, na farmee pia, katika ardhi na bahari zetu.

Sasa farmor wa nyumbani. Mtoto wa Kiswidi ana mabibi wawili na majina mawili, farmor na mormor, na mababu wawili wenye majina mawili, farfar na morfar. Dada wa baba ni faster, dada wa mama ni moster, kaka wa baba ni farbror, kaka wa mama ni morbror. Kila jina linasema limepitia kwa nani. Kiswahili kinachora mpaka mahali pengine. Bibi, au nyanya kama wanavyosema wengi Kenya, ni mmoja kwa pande zote mbili, mpaka pale haja inapotulazimu kuongeza: bibi mzaa baba, bibi mzaa mama. Lakini shangazi wetu ni faster kabisa, na mjomba wetu ni morbror kabisa. Kaka wa baba tunamwingiza ndani zaidi kuliko Waswidi, tunamfanya baba mkubwa au baba mdogo. Lewis Henry Morgan alichapisha mwaka 1871 kitabu kizima cha majedwali ya tofauti za namna hii, na wanaanthropolojia hawajaacha kuzichambua tangu hapo.

Ninachokitaka katika majina hayo ni kimoja. Jina farmor halisemi lolote juu ya mwanamke mwenyewe, iwe umri wake, sura yake au tabia yake. Linasema njia: nenda kwa baba, kisha kwa mama yake. Anaweza kufanana na mjukuu wake kama pacha au asifanane naye hata kidogo, na hilo halibadilishi kitu. Mtu wa mtaa wa pili mwenye pua ileile na mwendo uleule hawi farmor kwa sababu ya pua. Udugu ni njia iliyopitwa hatua kwa hatua, na kila hatua ni mtu.

Tulishike hilo, turudi kwenye maneno, maana kishawishi kikubwa kinatungoja. Akili ikiona maneno mawili yenye sura moja haitulii, inataka kuyaozesha. Na kwa farmor ndoa ni rahisi kuifunga. Bibi hakumzaa mjukuu, kampuni haikuchoronga kisima. Wote wawili wamesimama hatua moja nyuma ya kazi, wakipata sehemu ya kilicholetwa na jasho la mwingine. Wote wawili si kitu bila mtu wa pili: hakuna farmor bila mjukuu, hakuna farmor bila farmee. Katika kila upande wapo watatu, bibi, baba na mtoto hapa, mwenye ardhi, mwenye leseni na mchorongaji pale. Mtu akitaka kuandika kurasa kumi juu ya siri iliyofichwa ndani ya herufi hizi sita, malighafi anayo.

Mimi nakataa. Vifungo vyenyewe si vya uongo. Kila kimoja kina ukweli wake. Ubaya ni kwamba vinapatikana kila mahali. Chukua kaa wa pwani na kaa la moto: vyote huumiza mkono wa asiyejua kushika. Chukua paa wa porini na paa la nyumba: vyote viko juu ya ardhi, kimoja kwa kuruka, kingine kwa kuinuliwa. Hakuna vitu viwili duniani ambavyo akili ya binadamu, ikipewa nafasi kidogo, itashindwa kuvifunga pamoja. Ushahidi usioweza kukosekana hauthibitishi chochote. Aristotle alifungua kitabu chake cha Kategoria kwa onyo la aina hii: viko vitu vinavyoshiriki jina peke yake, na ukiuliza kila kimoja ni nini utapewa maelezo mawili yasiyokutana. Aliliweka onyo hilo mlangoni kabisa, kabla ya somo lolote jingine, na naona alikuwa na haki.

Kinachofaa kufanywa kwa neno ni kile anachofanya mzee wa ukoo kwa kijana anayedai kuwa ni wa kwao. Hamtazami pua. Anamuuliza baba yake nani, na baba wa baba yake nani.

Farmor wa nyumbani akiulizwa hivyo anajibu upesi. Far ni ufupisho wa fader, mor ni ufupisho wa moder. Fader ni ndugu wa pater ya Kilatini, kwa kuwa mahali ambapo Kilatini kina p mwanzoni mwa neno, lugha za Kigermanik kwa kawaida zina f. Kwa hiyo ametoka kwa wazazi wa zamani mno, wakati ambapo hakuna aliyekuwa akiandika.

Farmor wa mafuta ana safari ndefu zaidi, nami naipenda zaidi. Wengi hudhani ametokana na farm kwa maana ya shamba, kana kwamba kuachia kitalu ni kumpa mwenzako alime. Mambo yalikuwa kinyume chake. Katika Kilatini cha zama za kati firma ilikuwa malipo yaliyokazwa, kiasi kisichopanda wala kushuka, kutoka firmus, imara. Wafaransa wakapata ferme, ukodishaji kwa malipo maalumu. Waingereza wakaichukua hivyo hivyo, kwanza ikiwa kodi yenyewe, kisha ardhi iliyokodishwa, na mwishoni ardhi inayolimwa, awe anayelima ni mpangaji au ni mwenye mali. Ng'ombe na mahindi waliingia katika neno hili wakiwa wamechelewa sana. Zamani mtu aliweza kufarm kitu kisicho na udongo kabisa, kwa mfano ushuru. Mfalme aliukodisha ukusanyaji wa kodi kwa mfanyabiashara, mfanyabiashara akalipa kiasi kilichokubaliwa, na kilichozidi kikawa chake. Mkemia Lavoisier alikuwa mmoja wa wakodishwaji wa kodi wa Ufaransa, na kwa ajili hiyo alikatwa kichwa mwaka 1794.

Pwani yetu inaijua biashara hii kwa karibu. Katika karne ya 19 forodha ya Zanzibar haikukusanywa na watumishi wa Sultani. Ilikodishwa. Kwa miaka mingi ilikuwa mikononi mwa nyumba ya Jairam Sewji, wafanyabiashara kutoka Kutch, na mwaka 1876 ikachukuliwa na Taria Topan. Mkodishwaji alimlipa Sultani kiasi maalumu kwa mwaka, kisha yeye na makarani wake wakatoza ushuru wa pembe za ndovu, karafuu na nguo zilizopita bandarini. Waingereza walioandika habari za Zanzibar walimwita farmer wa forodha. Msomaji wa leo asiyejua ukoo wa neno hilo anaweza kumwona Jairam akiwa na jembe. Jairam hakulima forodha. Alishika haki ya mwingine kwa malipo, na hiyo ndiyo maana ya asili. Waliounda farm-out katika biashara ya mafuta, na farmor pamoja na farmee kwa mfano wa lessor na lessee wa sheria za Kiingereza, walibaki karibu na maana hiyo kongwe kuliko mkulima yeyote mwenye trekta. Kampuni inayoachia sehemu ya kitalu cha Lindi ni jamaa wa forodha ya Zanzibar, japo hakuna chochote katika sura zao kinachodokeza hivyo.

Basi mmoja amefika kupitia kwa baba na mama, mwingine kupitia kwa kodi na mahakama. Wamekutana njiani kama wasafiri wawili waliovaa kanzu za kitambaa kimoja.

Wala tusidhani kwamba ukoo ni habari ya makaburi tu, jambo la wasomi wa historia lisilogusa matumizi ya leo. Neno hubeba ukoo wake mwilini, na ukilishughulisha kidogo hujitokeza. Mwambie Mswidi aongeze idadi: bibi akiwa zaidi ya mmoja wanakuwa farmödrar, kwa kuwa moder hufanya wingi wake hivyo. Mwambie Mwingereza wa mafuta aongeze idadi, atasema farmors. Palepale pazia limepasuka. Na la ajabu, farmors ipo katika Kiswidi pia, lakini maana yake ni "ya bibi": farmors hus ni nyumba ya bibi. Zimegongana tena, na tena zimeachana.

Kiswahili kina kipimo kikali kuliko hicho, nacho ni upatanisho. Mzungumzaji wa Nairobi akisema "nyanya yangu" bado hujajua kama anamzungumzia mama wa baba yake au tunda lililo kikapuni, maana majina ya jamaa huchukua yangu kama lichukuavyo tunda. Subiri kitenzi. "Nyanya yangu amelala." "Nyanya yangu imeoza." Herufi moja ya mwanzo wa kitenzi imetenganisha kile ambacho jina na kimilikishi chake vilishindwa kukitenganisha. Hakuna mtoto aliyefundishwa tofauti hiyo darasani, na hakuna anayeikosea. Kaa huyu, kaa hili. Paa huyu, paa hili. Kamusi zetu huyaandika maneno hayo mara mbili au tatu na kuyawekea tarakimu, lakini tarakimu za kamusi zinafuata tu kile ambacho ulimi umekwisha kuamua.

Mwanafalsafa David Kaplan, katika makala ya mwaka 1990 juu ya maneno, alitetea wazo ambalo naliona limegusa kiini. Desturi ya wanafalsafa ilikuwa kuliona neno kuwa umbo, na kila linapotamkwa au kuandikwa kuwa nakala ya umbo hilo. Kaplan alisema neno ni kitu chenye maisha katika wakati, kinachotoka mdomoni kwa mtu na kuingia kwa mwingine, na kwamba kila mara linapotamkwa ni hatua ya maisha hayo. Tukikubali hilo, matamshi mawili yanaweza kutofautiana sana na yakabaki ya neno moja, ilimradi mnyororo haujakatika. Na mawili yanaweza kulingana kabisa yakawa ya maneno mawili.

Mfano ulio wazi kuliko yote unatoka Australia. Katika Kimbabaram, lugha ya wenyeji wa kaskazini mwa Queensland iliyochunguzwa na R. M. W. Dixon, mbwa aliitwa dog. Sauti ni ya Kiingereza na maana ni ya Kiingereza, na hata hivyo neno hilo halikutoka Uingereza. Limetokana na gudaga, jina la kale la mbwa lililobaki hivyo katika lugha jirani, ila hapa limekatwa mwanzo na mwisho kwa kanuni zilezile zilizokata maneno mengine ya Kimbabaram. Hapa kufanana kumekamilika kwa sauti na kwa maana, na udugu haupo. Sasa geuza. Mchanga kwa Kikuyu ni mũthanga. Kucheka ni gũtheka. Jicho ni riitho, na macho ni maitho. Asiyezoea hasikii lolote la pamoja kati ya jicho na riitho, lakini pale Kiswahili kinapoweka ch, Kikuyu kinaweka th, neno baada ya neno. Utaratibu huo ndio nyayo za njia. Hawa ni ndugu wa damu waliolelewa nyumba mbalimbali.

Hapa jambo hili linanigusa, na sitalificha. Kwa muda mrefu kumekuwa na watu waliosema Kiswahili si lugha ya Kibantu, au ni mchanganyiko tu usio na mama, kwa sababu waliorodhesha kitabu, sahani, habari na wakati, wakaziweka kando ya Kiarabu na kuona zinalingana. Kufanana huko ni kwa kweli, na kuna njia yake: maneno yaliletwa na majahazi, soko na walimu wa Kurani, yakapokewa na yakawa yetu. Hata hivyo njia ya mkopo si njia ya uzazi. Derek Nurse na Thomas Hinnebusch, katika kitabu chao cha mwaka 1993 juu ya Kiswahili na Kisabaki, walifuatilia sauti moja moja na kuonyesha kwamba Kiswahili kimezaliwa pamoja na Kimijikenda, Kipokomo na Kikomoro. Waliohukumu kwa sura walimnyang'anya mtoto mama yake kwa sababu amevaa shati la kununua. Kosa hilo halikuwa la wasomi peke yao. Liliwaingia watu, likawafanya wengine wakwepe ndugu zao wa bara na wengine wawaone watu wa pwani kuwa wageni.

Ipo njia ya tatu ya neno kuwa jamaa wa neno, na farmor anatusaidia kuiona kwa kuwa hakuipitia. Visima vya Kitalu Namba 2 vilipewa majina: Zafarani, Lavani, Tangawizi, Mdalasini. Gesi iliyo chini ya bahari haina harufu ya pilau. Lakini zafarani ya kisimani haikukutana na zafarani ya jikoni kwa bahati. Mtu alichukua la jikoni akalipeleka kule akijua anachofanya. Ndivyo Wakikuyu wanavyofanya kwa binti wa kwanza, ambaye kwa desturi huitwa jina la mama wa baba yake. Mtoto hafanani na bibi kwa kuitwa hivyo. Anaunganishwa naye, na tangu siku ile jina lina historia inayowapitia wote wawili. Neno zafarani limepata mtoto. Neno farmor halikupata mtoto Houston wala halikupelekwa Stavanger kwa heshima ya bibi yeyote.

Kuna pingamizi ambalo msimamo wangu lazima ulikabili. Kwa Kiingereza sikio ni ear, na suke la nafaka ni ear. Kwa asili ni maneno mawili, na Kiingereza cha kale kiliyatofautisha. Sauti zikamomonyoka hadi zikawa moja, na leo wazungumzaji wengi huamini kwamba suke limeitwa hivyo kwa kuwa linachomoza kama sikio. Wanayatumia kana kwamba la pili limetoka kwa la kwanza. Je, tuwaambie wamekosea juu ya lugha yao wenyewe? Kama neno ni mnyororo wa watu, na watu wote waliomo leo kwenye mnyororo wanayashika yale mawili kuwa moja, basi kitu kimetokea, hata kama hakikutokea zamani. Familia zinalijua jambo hili. Mtoto wa kulea hana damu ya nyumba, na baada ya vizazi viwili hakuna anayegawa urithi kwa kuuliza damu.

Nakubali, kwa sharti moja. Kulea ni tendo. Linahitaji watu wanaolea, na muda, na watoto wanaopokea bila kujua mwanzo wake. Kufanana peke yake hakujawahi kumlea mtu. Kwa farmor tendo hilo halijafanyika. Mnorwe wa Stavanger huandika mkataba wake kwa Kiingereza na kumpigia bibi simu kwa Kinorwe, na maneno hayo mawili yanaishi katika lugha mbili za kichwa kimoja, kila moja na wingi wake, kila moja na jamaa zake: moja na farfar, mormor na morfar, jingine na farmee, leseni na mrabaha. Siku lugha ya mikataba itakapoingia kabisa ndani ya Kinorwe, wale wanaokaa mezani watalazimika kuchagua wingi wa farmor wa mafuta. Wakisema farmødre, kama wanavyowaita mabibi, ulezi utakuwa umeanza, na mwandishi wa kamusi hatakuwa na la kufanya ila kuandika alichosikia.